Ulimi wa Kuazima

4 Februari

Mdogo wangu Kiroboto,

Nimesikia umehama tena. Dereva wa lori letu ndiye aliyeniambia. Alikuwa anashusha jibini dukani akakuona unavuka barabara na godoro kichwani, peke yako, huku unaongea na godoro. Basi barua hii nampa yeye mkononi akutafute popote ulipo, maana anwani zako zinachakaa kabla wino haujakauka.

Simu sikupigii kwa sababu ya kuta. Unazijua kuta za nyumba hii, na Baba siku hizi masikio yake yamekuwa makali kuliko ya paka. Nikinong'ona neno jikoni, yeye anaitikia zizini.

Habari kubwa ni kwamba tumeanza kupokea wageni kila Jumamosi asubuhi. Wanakuja na magari yao, tunawavisha kofia za nailoni na buti za mpira, Baba anawapitisha kote: zizini, kwenye chumba cha kukamulia, kwenye lile sufuria kubwa, halafu chumba cha kukomazia jibini. Hapo ndipo wanaposhusha sauti, kama watu walioingia mahali penye mgonjwa. Wanatazama magurudumu ya jibini kwenye rafu na kuuliza kama wanaweza kuyagusa. Mwisho tunawakalisha kwenye banda la zamani la majani makavu. Nimelipaka chokaa, nimeweka meza ndefu, wanaonja.

Baba yetu, mtu ambaye ukimsalimu asubuhi anakuitikia jioni, anawahutubia wageni mpaka wanasahau njaa. Anatia chumvi hata pasipohitaji chumvi. Juzi amewaambia ng'ombe wetu mweusi anajua Jumamosi.

Sasa ombi langu. Nataka kila jibini liwe na kadi yake mezani, yenye maneno ya kumwambia mgeni anakula nini. Mimi maneno sina. Kwangu jibini ni zuri au baya, basi. Wewe ulikuwa unaonja maziwa na kusema ng'ombe yupi amevuka ua akala vitunguu vya jirani, na ikawa kweli. Nimekufungia vipande vitatu, viwili nimeviwekea nyuzi za rangi ili usivichanganye. Onja polepole, niandikie ukweli, usipambe. Kama ni kibaya, sema. Kama ni kibaya ndipo useme zaidi.

Baba usimwandikie habari hizi.

Dada yako


13 Februari

Dada,

Dereva alinikuta kwenye ngazi natoka kazini. Alipandisha mfuko wako mpaka mlangoni, akatazama ndani, akasema, "Hiki nacho ni chumba?" Mwambie nimemsamehe.

Kiko juu ya karakana ya fundi bati, anayegonga kuanzia jua linapotoka. Dirisha langu linatazama ukuta, na ukutani kuna bomba ambalo jirani yeyote akioga linaimba. Sijakipenda, lakini kile cha kwanza kilikuwa kimya mno, nilikuwa nasikia moyo wangu mwenyewe kama mtu anayebisha hodi. Kazi ya mapokezi kwa daktari wa meno bado ninayo. Nakaa. Kutwa nzima nakaa na kusema, "Karibu, keti, atakuita sasa hivi." Miguu inanicheza chini ya meza mpaka wagonjwa wanadhani mimi ndiye ninayekuja kung'olewa.

Haya, vipande vyako. Nimevila sakafuni, mgongo kwenye kitanda, fundi bati akigonga chini.

Chenye uzi mwekundu ni cha upole. Kina ladha ya maziwa ya asubuhi kabla hayajapoa, halafu kuna uchachu mdogo unaopita nyuma ya meno na kuondoka bila kuaga. Wageni watakipenda.

Chenye uzi mweupe kimezidi chumvi. Mmekisahau kwenye maji ya chumvi, msinidanganye. Kitoeni mezani.

Kisicho na uzi, Dada. Mwanzoni ni nyasi zilizonyeshewa jana yake. Halafu kuna harufu ya ghala, lile ghala letu upande wa mlango, pakavu. Halafu utamu kama wa karanga zilizokaangwa, unakaa. Hicho sikukitafuna, nilikiweka tu mdomoni mpaka fundi akamaliza bati lake. Nililia kidogo, usiniulize.

Ila mchezo huu siuelewi. Baba yupo hapo, na ulimi wake ndio uliotulea. Kwa nini maneno ya kadi yatoke kwangu, mtu aliyeambiwa uso kwa uso kwamba jibini halimtaki mtu asiyetulia? Nilikuwa mlangoni na begi langu. Yeye alikuwa anasugua sufuria na hakuinua hata kichwa. Kama hajui kwamba unaniandikia, mwambie. Kama anajua na amenyamaza, niambie niache.

Kiroboto


2 Machi

Mdogo wangu,

Baba hajui, na ninakuomba tubaki hivyo. Ana mengi. Wageni wameongezeka, ng'ombe wawili wamezaa, na mtu wa umri wake hawezi kufanya kila kitu na kuandika kadi pia. Usitafute jambo pasipo na jambo.

Kile cha chumvi nilikitoa siku ileile, na mzigo wake wote tukausaga kwa matumizi ya jikoni. Ulisema kweli. Kadi zako zinasomwa kwa sauti mezani, na mwalimu mmoja mstaafu aliomba kwenda na ya "nyasi zilizonyeshewa jana yake". Nikamwandikia nyingine.

Baba naye amepata mtindo wake. Mgeni akishaweka kipande mdomoni, Baba anamsogelea, anaweka mkono nyuma ya sikio, anauliza, "Unaonja nini?" Kisha anangoja. Hana haraka, anangoja kweli. Watu hawajazoea kuulizwa na mtu anayetaka jibu, kwa hiyo wanavimba kama wafalme. Mmoja alisema jibini lina ladha ya soksi na Baba akacheka mpaka akakaa.

Nimekufungia kipande kimoja tu safari hii, chenye uzi wa bluu. Ni cha mzigo mkubwa wa maziwa ya kipindi cha mvua, na tunataka kuufungua Jumamosi ya kwanza ya Aprili, maana kuna kundi kubwa linakuja. Ninahitaji neno lako kabla hatujafungua. Tafadhali, hiki nacho kionje kama vile vitatu.

Mimi sijambo. Usingizi tu ndio mgumu. Nikifumba macho naona kama nimeacha mlango wa chumba cha kukomazia wazi, nainuka, naukuta umefungwa. Nikirudi kulala, mchezo ni uleule.

Kazi bado unayo?

Dada yako


19 Machi

Dada,

Nisamehe kuchelewa. Nimehama. Fundi bati alipata kazi ya matangi ya maji na kelele zikazidi hata kwangu mimi. Sasa niko nyuma ya hoteli moja, chumba kirefu na chembamba kama ujia, vitanda vinne, wasichana wa kufua. Ndiyo, kwa daktari wa meno nimeacha. Ninafua mashuka. Nasimama, natembea, nabeba, na jioni miguu inakuwa imenyamaza. Usinipigie hesabu, najua ni kazi ya ngapi.

Uzi wa bluu: laini. Karanga mbichi, na mwishoni asali kidogo, kama iliyopakwa na mtu mchoyo. Kizuri sana. Fungueni.

Naandika nimesimama, kengele ya zamu imelia.

Kiroboto


6 Aprili

Kiroboto,

Nimeandika barua hii mara kadhaa na kuichana. Hii nitaituma hata ikiwa na makosa.

Jumamosi tulikuwa na watu ishirini na zaidi. Walimu, fundi wa saa na mkewe, familia moja yenye watoto wadogo, na mwanamke wa makamo aliyekuja peke yake akiwa na buti zake mwenyewe za mpira, zimechakaa vizuri. Baba alikuwa na furaha. Alivaa shati jeupe. Alisimama mbele ya meza na ule mzigo wa uzi wa bluu umekatwa na kupangwa kwenye mbao, akawaambia, "Hili ni karanga mbichi. Likifika mwisho, mtaona asali kidogo, kama iliyopakwa na mtu mchoyo." Wakacheka. Wakala.

Lilikuwa chungu, Kiroboto. Chungu la kukunja uso. Ng'ombe walikula majani mabaya kule bondeni wakati wa mvua, ndivyo ninavyofikiri. Mtoto mmoja alitema kwenye kiganja cha mama yake. Watu wazima walimeza kwa adabu na kutazama meza. Na Baba aliweka kipande chake mdomoni mbele yao wote, akatafuna, akatabasamu, akasema, "Asali hiyo. Mmeipata?"

Fundi wa saa akacheka akidhani ni utani, kisha akaona si utani. Baba akaanza kupita mmoja mmoja na mkono nyuma ya sikio. "Unaonja nini? Unaonja nini?" Wakaninyooshea vikombe niwape maji. Nilikuwa nimeshika birika, nikamimina mpaka yakafurika mezani.

Yule mwanamke wa buti ndiye aliyetuokoa. Alimtazama Baba kwa muda, akaweka kipande chake chini, akasema, "Mzee, mimi nimekuja kwa ajili ya ng'ombe. Hebu tupeleke tukamwone huyo anayejua Jumamosi." Wote wakainuka haraka kama watu walioruhusiwa kutoka darasani.

Sasa nakuambia nilichokuficha, kwa kuwa kuficha kumetufikisha hapa. Baba haonji. Tangu ile homa ya mwaka jana, ile niliyokuandikia kuwa ni mafua. Pua yake ilikufa, na ulimi ukaifuata. Hakuniambia. Niligundua siku maziwa yalipoungua kwenye sufuria, moshi umejaa chumba, naye amesimama palepale anakoroga na kupiga mluzi. Anajua kwamba najua. Hatujawahi kulitamka. Anawauliza wageni wanaonja nini kwa sababu hana njia nyingine ya kujua ametengeneza nini.

Na mimi sina ulimi. Kwa hiyo niliazima wako. Kila neno uliloniandikia, ndilo lililoamua tuuze nini na tutupe nini. Nilidhani unajua uzito wake bila kuambiwa.

Uliwezaje kuonja asali pale?

Dada


11 Aprili

Dada,

Sikuonja.

Siku ile ninahama nilikiweka kwenye kizingiti cha dirisha ili nisikisahau, nikakisahau. Nikakumbuka nimeshafika hotelini. Nikajisemea ni kadi tu, maneno matamu kwa watu wa Jumamosi, nani atajali. Nikatunga. Hata ile ya mtu mchoyo niliipenda mwenyewe.

Baada ya barua yako nilitoka kazini na aproni imelowa, nikaenda mpaka kwa fundi bati. Chumba kina mpangaji mpya, kijana wa kuuza miwani. Nilimuuliza kama alikuta kipande cha jibini dirishani. Akasema alikila. Nikamuuliza kilikuwaje. Akasema, "Kichungu, dada. Kilichobaki nilikitupa, na tumbo likaniuma siku nzima." Mtu wa barabarani kabisa, na alikuwa na jibu lako.

Ninakuona umeshika birika na ninamwona Baba na shati jeupe, na sijui niweke wapi uso wangu. Nimezunguka mtaa huu mpaka mlinzi wa benki amenisalimu mara tatu.

Lakini na wewe, Dada. Uliniomba maneno ya kadi. Hukuniambia kwamba mtu anayatembelea kama fimbo. Kama ungeniambia Baba hana ulimi, ningekula kile kipande kwenye ngazi nikiwa na godoro kichwani. Uliamua kwamba mimi si wa kuambiwa. Labda ulikuwa sahihi, na hilo ndilo linalouma.

Mwambie Baba, au usimwambie. Sijui. Mimi siwezi kumwandikia.

Kiroboto


20 Aprili

Kwa binti yangu mdogo,

Sijawahi kukuandikia barua, kwa hiyo vumilia mwandiko. Mikono yangu imezoea vitu vizito.

Dada yako anadhani sikujua. Nilijua tangu kadi ya kwanza. Dada yako hajawahi kusema "nyasi zilizonyeshewa jana yake" tangu azaliwe. Yeye husema "zuri". Nikaichukua kadi, nikaisoma mpaka nikaishika kichwani, na nilipowaambia wageni nilikuwa kama nimeonja. Ile ya ghala upande wa mlango nilitoka nikaenda kusimama hapo mlangoni. Sikunusa kitu, lakini nilijua ni mahali gani unapasema.

Habari ya uzi wa bluu nimeisikia. Dada yako alisoma barua yako kwa sauti ndogo jikoni, naye anajua jinsi ninavyosikia, kwa hiyo labda alitaka nisikie. Nilifedheheka, siwezi kusema sikufedheheka. Mzigo wote umekwenda kwa nguruwe wa jirani. Wao hawakulalamika.

Lile neno nililokuambia mlangoni silifuti. Ulikuwa hutulii, na jibini halimtaki mtu asiyetulia. Hilo ni jibini. Sikusema mimi sikutaki. Ulisikia ulichosikia ukaondoka, na mimi nikaendelea kusugua sufuria ambalo lilikuwa limeshatakata.

Ninayotaka kukuarifu ni ya dada yako. Yule mwanamke wa buti ana mbuzi na anatengeneza jibini la mbuzi, mbali, safari ya siku nzima. Alipiga simu. Anataka dada yako aende akakae naye msimu mmoja, wafanye kazi pamoja, amfundishe. Dada yako alimjibu kwamba haiwezekani. Nilikuwa upande wa pili wa ukuta. Alisema "haiwezekani" kisha akaomba aelezewe mbuzi wenyewe wakoje, wangapi, wanakamuliwa wapi, chumba cha kukomazia kinatazama upande gani. Akauliza yote hayo ya kazi aliyoikataa.

Tangu siku hiyo anazunguka ua huu. Anafungua milango na kuifunga. Watu wote wanakuita wewe kiroboto kwa sababu unaruka kwenda mbali. Huyu anaruka papo hapo, na hakuna aliyemwona.

Sikuombi urudi. Nakuarifu tu.

Baba yako


28 Aprili

Dada,

Niandikishe kwenye wageni wa Jumamosi ijayo. Mgeni mmoja, mtu mzima, atakuja mwenyewe. Nitavaa kofia ya nailoni kama wote na nitapita kote, zizini, kwenye sufuria, kila mahali. Baba usimwambie.

Halafu tukimaliza nataka unieleze kwa mdomo wako mwenyewe habari za mbuzi.

Kiroboto


7 Juni

Mdogo wangu,

Nimefika kwa yule mwanamke wa buti, nimekaa, wewe nimekuachia Baba na nyumba, na bado sijaamini. Chumba changu kina dirisha kubwa na kitanda kimoja. Siku za kwanza nilikuwa naamka na kwenda kuangalia kama nimefunga mlango wa chumba cha kukomazia, nafika uani, nakuta si ua wetu, mbuzi wananitazama kama mwizi. Mama wa Buti hanishangai. Asubuhi ananipa kikombe cha chai na kusema, "Umekagua? Wote wapo?"

Mbuzi ni watu wakorofi. Ng'ombe ukimkamua anafikiria mambo yake. Mbuzi anakufikiria wewe. Mmoja amekula mkanda wa aproni yangu huku ninamkamua dada yake.

Niambie, je, Baba anakula? Lile gurudumu la rafu ya juu kona ya kushoto linageuzwa? Na wewe unalala? Usinijibu "sijambo", hiyo "sijambo" niliibuni mimi.

Ile Jumamosi uliyokuja bado naiona. Ulisimama katikati ya wageni na kofia imekufunika mpaka kwenye nyusi, nami nilikuwa nimeshika mbao ya vipande na sikujua nitazame wapi. Baba akapita mmoja mmoja. Akafika kwako. Akaweka mkono nyuma ya sikio akasema, "Unaonja nini?" Na wewe mbele ya watu wote ukasema, "Hili halijawa tayari, Baba. Liache mpaka mvua zijazo."

Nilidhani ataanguka. Alinyoosha mkono akaichukua mbao yote, akawaondolea wageni vipande vilivyokwisha kufika vidoleni, akasema, "Mmemsikia. Halijawa tayari. Rudisheni." Na wakarudisha, hata yule bwana mnene aliyekuwa amekwisha kung'ata.

Nilijua siku hiyo kwamba ninaweza kuondoka, na nikaogopa zaidi kuliko nilipokuwa siwezi. Nilipanda lori na dereva akaniuliza kama nalia. Nikamwambia ni vumbi. Akafunga dirisha, na tulikuwa kwenye lami.

Msimu ni mrefu. Mama wa Buti anasema ukiisha naweza kubaki kama nikitaka. Sijamjibu. Nauliza maswali mengi tu, kama kawaida yangu.

Dada yako


20 Juni

Dada,

Baba anakula. Gurudumu la kona ya kushoto linageuzwa, na si kona ya kushoto, ni ya kulia, umekwisha kusahau nyumba yako. Kulala ninalala nusu. Nusu nyingine natembea. Nimetengeneza njia kwenye majani kuzunguka zizi, dereva anasema tuiwekee kokoto.

Sitakudanganya kwamba nimetulia. Jumatatu iliyopita nilipanga begi. Nikalipeleka mpaka mlangoni. Baba alikuwa anasugua sufuria, akaliona begi, na safari hii akainua kichwa. Nikamwambia nakwenda kuonja mzigo wa wiki hii kwanza. Nikaonja. Ukawa na tatizo, ukahitaji kugeuzwa kila siku, na mtu hawezi kuanza kugeuza halafu akaondoka. Begi liko chini ya kitanda. Sijalipangua.

Ya Jumamosi ndiyo ninayotaka kukuambia.

Tulikuwa na wageni wachache, mvua ilizuia wengine. Mzee mmoja mwenye fimbo alikuwa anamsikiliza Baba kwa makini sana, na mwisho akamuuliza, "Na wewe mwenyewe, bwana, kati ya haya yote unalipenda lipi?"

Swali dogo. Nilikuwa nimeshika kisu na nikajua hakuna kadi ya hilo. Nikafungua mdomo nimsaidie, Baba akaniwekea mkono begani.

"Mimi sionji," akasema. "Pua yangu ilikufa na homa. Harufu sisikii, ladha sisikii. Anayeonja hapa ni binti yangu huyu."

Wote wakanigeukia na miguu yangu ikaanza kutafuta mlango, kweli kabisa. Mwanamke mmoja akauliza, "Sasa unalitengenezaje?" Baba akamwinulia gurudumu zima, akaligonga kwa kifundo cha kidole, akamwekea sikioni. "Hivi. Na mikono. Yaliyobaki namuuliza yeye." Wakaanza kupokezana lile gurudumu, kila mtu anagonga na kusikiliza. Hakuna aliyecheka wala aliyemwonea huruma. Mzee wa fimbo alinunua zaidi ya anavyoweza kubeba, ikabidi nimsindikize mpaka kwenye gari.

Niliporudi Baba alikuwa bado amekaa kwenye meza ndefu, peke yake, vikombe havijaondolewa. Alikuwa amejikatia kipande cha lile lililokomaa, lisilo na uzi. Akakiweka mdomoni.

"Niambie," akasema.

Nikaanza. Nyasi zilizonyeshewa jana yake, ghala, karanga. Akatikisa kichwa. "Hayo ni ya wageni. Niambie mimi."

Nikakaa mbele yake, nikala kipande nami. Nikamwambia kuna chumvi, lakini iko mbali, kama mtu anayepika nyumba ya pili. Nikamwambia kuna moshi kidogo, ule wa asubuhi alipokuwa anawasha moto akiwa na koti la Mama mabegani kwa sababu lake lilikuwa halionekani. Nikamwambia kuna ile nyasi ndefu ya kando ya kisima, aliyotukataza kuchezea na tukachezea. Na kwamba katikati kabisa kuna kitu kitamu ambacho sikijui jina, kinakuja ukiwa umekata tamaa kwamba hakitakuja.

Alikuwa amefumba macho. Taya lilikuwa linasogea polepole. Nilipofika mwisho nikadhani amesinzia.

"Endelea," akasema.

Nikakata kipande kingine.

Kaa huko kadiri unavyotaka.

Kiroboto